Miezi 12 ya majaribio iliisha 2022, barua ya kuthibitishwa kazini haijatoka. Mahakama inaweza kunisaidia?

chaki_mkononi

Wakuu habari za majukumu, na wakubwa shikamooni.

Mimi ni mwalimu wa shule ya msingi huku Kanda ya Ziwa. Nimo kwenye zile ajira za walimu 6,949 zilizotangazwa Juni 2021. Niliripoti Julai, nikapangiwa shule ya kijijini, nikakabidhiwa darasa la pili. Mwaka ulipotimia mkuu wa shule alinijazia fomu ya kuthibitishwa kazini, akaandika kwamba anapendekeza nithibitishwe, ikapita kwa Afisa Elimu Kata, ikaenda wilayani. Wenzangu wawili tulioripoti nao hapo hapo shuleni, fomu zao zilikuwa kwenye bahasha moja na yangu. Barua zao zilitoka kabla 2022 haijaisha. Yangu mpaka leo hii haijatoka.

Nimefuatilia jamani. Naambiwa jalada liko kwenye mchakato, nisubiri kikao. Nikirudi, kikao kimeshapita, jina langu halikuwemo, na hakuna anayeniambia sababu. Siku moja afisa akaniuliza, "Kwani mshahara si unaingia?"

Mshahara unaingia, namshukuru Mungu. Lakini benki waliniomba barua ya kuthibitishwa, sina, mkopo ukaishia hapo. Nilipata nafasi ya kusoma shahada, kwenye ruhusa ya masomo wakataka barua ile ile. Na mwaka jana wale wenzangu wawili wameitwa kwenye taratibu za kupanda daraja, mimi nikaambiwa mtu hapandi kama hajathibitishwa. Tumefundisha watoto wale wale, tumekaa kwenye nyumba za walimu zilizopakana, mkaguzi akija anatukagua sote. Leo wao wanasonga, mimi kwenye karatasi bado niko kwenye majaribio. Inaniuma kuliko ninavyoweza kuandika hapa.

Sasa, mwalimu mmoja wa sekondari ameniambia kisheria miezi 12 ikipita kimya mtu anahesabika amethibitishwa, kwa hiyo nina kesi nzuri. Mume wangu naye anasema tutafute wakili twende mahakamani moja kwa moja, maana wamenizungusha vya kutosha. Kabla hatujatoa hela ya wakili naomba kujua: ni kweli nimeshathibitishwa kisheria? Naanzia wapi? Na mahakama inaweza kuamuru nipewe barua yenye tarehe ya 2022, ili nisipoteze miaka yangu?

Naomba majibu ya wanaojua. Suala hili ni maisha yangu.

mtu_wa_shifti

Pole sana mwalimu. Nenda CMA (Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, wanaoamua migogoro ya kazi), jaza Fomu Na. 1, haina gharama. Migogoro ya kuachishwa kazi ni siku 30, migogoro mingine siku 60, wewe uko kwenye hiyo mingine. Waambie hukupewa barua na muda wa majaribio uliisha zamani, kwa hiyo ulishathibitika. Mwajiri wangu wa kiwandani tulimpeleka huko akanyooka.

wakili_wa_kanda

Mwalimu pole. Ndugu yangu hapo juu ana nia njema, na kwa mfanyakazi wa kiwandani anasema kweli. Kwa mtumishi wa umma atakupoteza.

Sheria ya Utumishi wa Umma, Sura 298, iliongezewa kifungu cha 32A mwaka 2016. Kinamtaka mtumishi wa umma amalize kwanza njia zote za ndani ya utumishi ndipo aguse sheria za kazi. Watu wengi walikipuuza, wakaenda CMA, wakashinda huko au wakashindwa, na mwisho wa siku yote yakafutwa. Mahakama ya Rufaa ililifunga suala hili 2022 ikiwa Mtwara, katika Rufaa ya Madai Na. 12 ya 2022 iliyohusu Shirika la Posta: CMA haikuwa na mamlaka. (Sheria zetu zimetoka upya kwenye Toleo la Urekebu la 2023, lilianza kutumika Julai 2025 na namba za vifungu vingi zimehama. Ukiandika barua usinakili namba kutoka kwangu, angalia toleo jipya.)

Hili la kuthibitika kimya kimya nalo liache. Kwenye Rufaa ya Madai Na. 61 ya 2016, mfanyakazi mmoja dhidi ya Benki ya NMB, Mahakama ya Rufaa ilikataa hoja kwamba muda wa majaribio ukiisha mtu anathibitika mwenyewe. Ile ilikuwa benki, wewe uko serikalini, lakini mawakili wa Serikali wataitoa mfukoni siku ya kwanza. Usijenge kesi yako juu yake.

Mlango wako mahakamani, ukifika huko, ni mapitio ya kimahakama Mahakama Kuu, yaani jaji anaangalia kama ofisi ya umma imefuata sheria, chini ya sheria ya Sura 310 na kanuni zake za 2014. Unaomba ruhusa kwanza, ndani ya miezi 6 tangu kitendo au kutotenda unakolalamikia. Ukipewa ruhusa una siku 14 za kuleta maombi yenyewe. Mwanasheria Mkuu wa Serikali lazima awe ndani ya shauri. Unachoomba ni amri ya kumlazimisha mwenye mamlaka atimize wajibu wake, na masharti yake yanajulikana tangu ile kesi ya Bukoba ya 1986 dhidi ya Mkuu wa Mkoa: uwe umemdai atimize, naye awe amekataa au amenyamaza, wajibu uwe wa kisheria, siyo wa hiari yake, uwe na maslahi yako ndani yake, na usiwe na njia nyingine ya kupata haki hiyo.

Angalia hilo la kwanza. Jaji atauliza, ulimdai lini? Kwenda ofisini ukaongea na afisa mlangoni hakumo ndani ya jalada la mahakama. Una barua?

Na ujue mipaka yake. Mahakama haitakuthibitisha. Itakachoamuru ni mwenye mamlaka akae, aamue, na akuandikie. Uamuzi unabaki kwake. Watu wengi wanatumia hela nyingi wakitegemea jaji awaandikie barua ya kuthibitishwa, jaji haandiki barua hiyo.

chaki_mkononi

Asante sana wakili. Barua ninayo moja tu niliyoandika 2024, nilimkabidhi karani mkononi, nakala yangu haina mhuri. Ya kabla ya hapo yote ni maneno ya mdomo. Hiyo miezi 6 nayo imenitisha, maana tangu Julai 2022 ni miaka. Ina maana nimeshachelewa?

wakili_wa_kanda

Wakili wa Serikali atasema hivyo, saa ilianza kugonga 2022. Wewe utasema kutotenda kunaendelea hadi leo. Sitakuahidi jaji atakubali upande wako. Ukibanwa, unaweza kuomba kuongezewa muda, lakini hapo mahakama zetu hutaka ueleze kila siku uliyochelewa, na kuandikiana barua na ofisi peke yake hakusimamishi muda. Kwa hiyo kama kuna njia ya kulimaliza hili kabla ya Mahakama Kuu, hiyo ndiyo njia ya kutumia nguvu zako zote sasa hivi. Tena haraka.

Mzee wa Masjala

Mwanangu chaki, marahaba. Nimesoma yote. Wakili amesema vizuri upande wake, naomba nikueleze upande wa ofisini, maana nimeishi humo. Nimestaafu. Nilianza masjala, pale majalada yanapotunzwa, wakati wa Idara ya Utumishi wa Walimu, nikaendelea Tume ya Utumishi wa Walimu ilipoanza kazi Julai 2016 kwa sheria ya 2015. Majalada ya walimu nimeyashika kwa mikono hii mpaka nilipokabidhi funguo.

Kwanza tuelewane nani anathibitisha. Siyo mkuu wa shule, siyo Afisa Elimu, siyo Afisa Utumishi wa halmashauri. Hao wanapendekeza na kupitisha. Mwenye kuthibitisha mwalimu wa shule ya serikali ni Tume, na wilayani kazi hiyo inafanywa kwenye kikao cha Kamati, Katibu Msaidizi wa wilaya ndiye anayeandaa orodha. Kwa hiyo fomu yako ilikuwa na safari: shule, kata, elimu wilaya, halmashauri, ofisi ya Tume ya wilaya, kikao, barua. Unaposema "wamenizungusha", hujui bado ni kituo gani. Mpaka ujue kituo, huna mtu wa kumdai. Ukimwandikia Mkurugenzi wa halmashauri kumbe karatasi imelala mahali pengine, atakujibu kwa adabu kwamba alishaipeleka, na kweli alishaipeleka.

Jalada lako ninavyolijua mimi liko hivi. Kila karatasi inayoingia inapewa namba kwa wino mwekundu pembe ya juu kulia, hiyo tunaiita folio. Barua ya ajira, fomu ya kuripoti, nakala za vyeti, kiapo, kila kitu na folio yake, kwa mfuatano. Upande wa kushoto kuna dokezo, ambako maofisa wanaandikiana: "Tafadhali folio 14 kwa hatua zako." Mtu akitaka kujua karatasi ilikwamia wapi hahitaji kubahatisha, anasoma dokezo la mwisho. Likisema "hifadhi" tarehe fulani, basi siku hiyo lilirudishwa kabatini na hakuna aliyelitoa tena. Nimeona majalada ya walimu yaliyokaa na neno hilo miaka, na mwalimu huko nje anaambiwa mchakato unaendelea. Hakuna mchakato. Kuna kabati.

Sasa kwa nini jalada moja kati ya matatu ya bahasha moja lirudishwe kabatini? Mara nyingi ni moja ya mambo haya. Karatasi imepungua, labda nakala ya cheti haikuthibitishwa. Au tathmini ya utendaji haikuwemo. Au majina. Hapa kwenye majina nataka uniambie kweli: jina lako kwenye cheti cha kidato cha nne, kwenye cheti cha chuo, kwenye barua ya ajira na kwenye kitambulisho cha NIDA, ni jina lile lile, herufi kwa herufi? Tangu uhakiki wa vyeti wa 2016 na 2017, pale watumishi 9,932 walipotangazwa kuwa na vyeti vya kughushi, maofisa wakawa wanaogopa sana tofauti ya majina. Na wana haki ya kuogopa. Ila badala ya kumwandikia mwalimu alete hati ya kiapo, wengine wanaliweka jalada pembeni na kusubiri aje mwenyewe. Mwalimu yuko kilomita nyingi huko kijijini, anajua nini?

Hilo la kumnyamazia mtu ndilo linalonikera mpaka leo. Ofisi ina haki ya kuongeza muda wa majaribio kwa sababu, ina haki hata ya kukataa kumthibitisha mtu asiyefaa. Haina haki ya kutosema. Katiba ibara ya 13(6)(a) inampa mtu haki ya kusikilizwa mamlaka inapoamua juu ya haki zake, na utamsikilizaje mtu ambaye hujamwambia kwamba ana tatizo?

Fanya hivi. Andika barua kwa Katibu Msaidizi wa Tume wilayani kwako, ipitie kwa mkuu wa shule kama utaratibu unavyotaka, nakala kwa Mkurugenzi na kwa Katibu wa Tume Dodoma. Iwe ya ukurasa mmoja. Usilie ndani ya barua, mwanangu, najua machungu yako lakini karatasi hii itasomwa siku moja na jaji. Weka cheki namba yako (ile namba ya utumishi iliyoko kwenye karatasi ya mshahara), tarehe ya kuripoti, tarehe fomu ilipotoka shuleni (mkuu wa shule anayo kwenye kitabu cha kupelekea barua, mwombe akupigie picha ukurasa ule), na useme wenzako wa bahasha hiyo hiyo walishathibitishwa. Majina yao usiyataje, usije ukawaingiza kwenye mgogoro. Kisha uombe mambo mawili waziwazi. Moja, suala lako lipelekwe kwenye kikao kinachofuata na ujibiwe kwa maandishi. Pili, kama kuna upungufu, uandikiwe ni upungufu gani.

Barua ya pili, tofauti, uombe taarifa: jalada lako liliwasilishwa kikao cha tarehe gani, na kama halikuwasilishwa, kwa sababu gani. Iandike ukitaja Sheria ya Haki ya Kupata Taarifa ya 2016. Sheria hiyo inampa mwenye taarifa siku 30 za kujibu. Barua ya malalamiko afisa anaweza kuiweka chini ya nyingine. Barua yenye siku 30 ndani yake inamlazimisha afungue jalada, na akilifungua atasoma lile dokezo, na akilisoma mara nyingi ataona aibu. Nimeona majalada yakitoka kabatini kwa njia hiyo.

Kila nakala igongwe mhuri wa kupokelewa, wenye tarehe, mbele ya macho yako. Karani akisema "acha tu nitagonga", mwambie kwa heshima utasubiri. Ukikaa kwenye benchi pale masjala dakika chache atagonga. Nakala ya Dodoma itume kwa posta kwa rejista, ile risiti uibane na nakala yako. Hiyo ya 2024 isiyo na mhuri usiitupe. Iambatanishe, useme "rejea barua yangu ya tarehe fulani". Wakiijibu mpya bila kukana ile ya zamani, utakuwa umeshaiingiza kwenye kumbukumbu.

mwl_wa_hisabati

Mzee heshima yako. Naongeza kidogo. Kuna Tume ya Haki za Binadamu na Utawala Bora, wao wanapokea malalamiko ya ucheleweshaji kwenye ofisi za umma, hulipii kitu, unaweza kuandika barua tu. Ukimya ukizidi hizo siku 30, peleka huko nakala za barua zako zenye mihuri. Pia chama chetu, CWT, kina watu wa sheria makao makuu. Mwakilishi wa wilaya ukimkuta na karatasi zimepangwa anakuwa na cha kupeleka juu. Ukienda mikono mitupu naye atakupa pole tu.

chaki_mkononi

Mzee Masjala, nimesoma maelezo yako kwa sauti mume wangu akisikiliza. Umeuliza majina. Cheti cha kidato cha nne na cha chuo vina jina la baba kwa "y". NIDA waliandika kwa "i". Nilipopewa kitambulisho niliona, nikadhani ni jambo dogo. Barua ya ajira imefuata vyeti, ina "y". Je, inawezekana hili ndilo? Wenzangu wote wawili majina yao yanalingana.

Mzee wa Masjala

Inawezekana sana. Usisubiri wakwambie. Nenda kwa wakili au hakimu mwenye mamlaka ya kuapisha, upate hati ya kiapo kwamba majina hayo mawili ni ya mtu mmoja, na uanze taratibu za kurekebisha NIDA ili siku ya kustaafu lisije likajirudia kwenye mafao. Kiapo hicho ukiambatanishe na barua ya kwanza. Ila barua usiiandike kama vile umekubali kwamba hilo ndilo lililokukwamisha. Andika "kwa tahadhari, naambatanisha". Wao ndio waseme.

chaki_mkononi

Wakuu narudi na mrejesho. Naomba radhi kwa ukimya, tulikuwa na mitihani.

Barua zote mbili zilipokelewa, mihuri ninayo. Karani aliniangalia sana nilipomwomba agonge nakala yangu, lakini aligonga. Kabla siku 30 hazijaisha nilipigiwa simu nifike wilayani. Safari hii sikuzungumzia mlangoni, niliingizwa ndani, nikapewa kiti, afisa akalifungua jalada langu mbele yangu. Mzee, ni kama ulikuwa umesimama nyuma yake. Wino mwekundu pembeni, na upande wa kushoto mwandiko: "Majina yanatofautiana. Mhusika aelekezwe." Tarehe ni ya Septemba 2022. Chini yake hakuna kitu. Hakuna aliyenielekeza. Nilitazama tarehe ile mpaka macho yakaniuma.

Yule afisa ni mgeni pale, hakuwepo wakati huo, na aliongea na mimi kiungwana. Amepokea kiapo, amekipa folio, amesema naingia kwenye kikao kinachofuata. Pia nimejibiwa kwa maandishi ile barua ya taarifa: jalada halikuwahi kuwasilishwa kikaoni, sababu ni tofauti ya majina.

Nimefurahi kwa kweli. Lakini nilipouliza kama nitathibitishwa kuanzia Julai 2022 alisema kwa kawaida barua inafuata tarehe ya kikao, "mengine tutaona". Mume wangu anasema nishukuru nichukue. Mimi moyo unakataa. Naogopa pia nikibishana nisije nikakwamishwa tena. Nifanye nini?

wakili_wa_kanda

Hongera. Hiyo barua ya majibu ni dhahabu, itunze. Imeandikwa na ofisi yenyewe kwamba hukuwahi kufikishwa kikaoni na sababu yake, na kwenye dokezo kuna ushahidi kwamba ulitakiwa kuelekezwa.

Kuhusu tarehe: barua ya kuthibitishwa ikitoka na tarehe ya mwaka huu, huo ni uamuzi mpya, una tarehe yake, na miezi 6 ya kuupinga inaanza kuhesabiwa siku hiyo. Kesi hiyo ina nguvu kuliko ile uliyokuja nayo hapa mwanzo, kwa sababu hutakuwa unalalamikia ukimya wa 2022, utakuwa unapinga uamuzi ulioko mkononi mwako. Ila njia za ndani bado zinatangulia. Lalamika kwanza kwa Tume Dodoma kwa maandishi, mara moja, na uihesabu ile miezi 6 wakati unasubiri majibu, kwa maana barua hazisimamishi saa.

Mzee wa Masjala

Mwanangu, usibishane na mtu ofisini, na usinyamaze pia. Kikao hakijakaa bado, na hiyo ndiyo nafasi yako. Kamati inaamua kwa karatasi iliyoko mbele yake, isipoombwa tarehe ya nyuma haitaitafuta. Wiki hii hii andika barua nyingine fupi: kwamba umeshukuru suala lako kupangwa kikaoni, na unaiomba Kamati ikuthibitishe kuanzia Julai 2022 muda wako wa majaribio ulipoisha, kwa kuwa mkuu wako wa shule alikupendekeza wakati huo, kwa kuwa kazi yako haikuwahi kutiliwa shaka, na kwa kuwa jalada lilisimama kwa sababu ambayo hukujulishwa. Rejea barua yao ya majibu kwa kumbukumbu namba na tarehe yake. Ambatanisha fomu ya mkuu wa shule. Mwombe na mkuu wa shule aliyepo aandike aya moja kwamba tangu uripoti hujawahi kuwa na shauri la nidhamu, kama ndivyo ilivyo.

Kwa nini nasisitiza tarehe? Kwa sababu daraja linahesabiwa kutoka hapo, mshahara unafuata daraja, na pensheni inafuata mshahara. Nimewaona walimu wanafika kustaafu wakiwa daraja moja chini ya waliosoma nao, chanzo chake ni barua ya kuthibitishwa yenye tarehe isiyo yake, waliyoipokea kwa furaha wakaifungia kabatini bila kuisoma mstari wa "kuanzia tarehe".

Kwamba utakwamishwa ukiomba, sidhani. Jalada lako sasa lina folio zenye mihuri, lina swali la kisheria lililojibiwa, na lina nakala Dodoma. Jalada la namna hiyo afisa halipendi likae mezani kwake, analipeleka mbele. Barua ikitoka, kabla hujasaini kuipokea, soma mstari huo. Ikiwa ni Julai 2022, peleka nakala kwa Afisa Utumishi ili taarifa zako zirekebishwe kwenye mfumo, na kwa Afisa Elimu uingizwe kwenye orodha ya daraja inayofuata. Ikiwa ni ya mwaka huu, saini, maana kusaini ni kupokea tu, andika tarehe uliyoipokea pembeni ya saini yako, kisha mtafute wakili wa hapo juu siku hiyo hiyo.

chaki_mkononi

Nimeelewa, mzee wangu. Mkuu wa shule amekubali kuandika ile aya, na ukurasa wa kitabu cha kupelekea barua ameshanipigia picha, unaonyesha bahasha yetu sote watatu ilitoka siku moja. Ijumaa naipeleka barua ya tarehe. Barua ikitoka nitaandika hapa imeandikwa kuanzia lini.